Mti wa Leso

Siijui miti. Jambo hili nimelikana mbele ya wahariri, mbele ya wanafunzi wangu, na mara moja mbele ya ukumbi mzima wa watunza misitu walionialika nizungumze baada ya chakula cha mchana. Lakini ninyi ni rafiki zangu, na mmeniuliza mara nyingi mno ni nini kilichotokea Msambweni, kwa hivyo bora tuanze na ukweli. Mwembe naujua ukiwa na maembe. Mkorosho naujua ukiwa na mabibo. Msimu wa matunda ukipita, kwangu yote ni kivuli.

Ilitokea tu kwamba niliandika makala kuhusu misitu ya pwani, ikapendwa, nikaombwa nyingine. Watu wakaanza kuniita mama wa miti. Ukiitwa hivyo mara ya kwanza unacheka. Baadaye unanyamaza. Mwishowe unajikuta dukani unanunua viatu vya kutembelea msituni.

Ndugu yangu Hamisi, aliyebaki nyumbani Msambweni, aliamini sifa hizo zote. Ndiyo sababu alinitumia ujumbe wa sauti: "Dada, nataka kumjengea shangazi chumba chenye choo ndani. Magoti yake yamekataa. Mahali pafaapo ni pale penye ule mti wake, maana upande wa kisima ni mwamba mtupu. Yeye asema mti hauguswi. Sasa wewe ndiwe msomi wa miti. Njoo uutazame. Ukisema ndio ule wa msituni, siugusi. Ukisema sio, Jumamosi fundi aja na msumeno."

Niwaeleze kwanza habari ya huo mti. Shangazi yetu Mwanamisi, aliyetulea baada ya mama kufariki, ana hadithi moja ambayo ilimponza maisha yake yote. Alipokuwa msichana alipita alfajiri kando ya msitu wa kaya, ule mtakatifu wa wazee wetu, yeye na wanawake wenziwe, wakienda matangani. Akaona chini pametapakaa leso nyeupe. Kwetu pwani leso ni ile nguo ya kujifunga, na ni kitambaa cha mkononi pia. Yeye alidhani ni vitambaa vya wafiwa, vimeanguka njiani. Akainama akaokota kimoja akaanza kukikunja. Kumbe ni ua. Ua kubwa kama kiganja, jeupe, lina unyevu, limeanguka kutoka juu ya mti ambao hakuwahi kuuona tena mahali pengine.

Akarudi njia ile ile wakati wa kiangazi. Ganda la mti ule likapasuka juu yake, mlio kama wa bunduki, na mbegu ikaruka ikaingia kwenye pindo la leso yake. Katika msitu wa kaya hakuchukuliwi kitu, hata kijiti kikavu. "Mimi sikuichukua," husema shangazi kila mara. "Ilinifuata." Aliogopa kuirudisha na aliogopa kuitupa, basi akaipanda nyuma ya nyumba. Ikaota. Ikawa mti mrefu. Na haukutoa ua hata moja, miaka nenda miaka rudi, na sisi tukamwita Shangazi Chumvi, kwa jinsi alivyokoleza hadithi zake.

Nikafunga mkoba.

Nairobi hadi Mackinnon Road

Basi liliharibika Mackinnon Road. Utingo alitutangazia kwa uchangamfu kwamba ni kitu kidogo tu, kinaletwa kutoka Voi. Abiria wazoefu walishuka na mito yao, wakatafuta ukuta wa kuegemea. Hapo nikaelewa kwamba kitu kidogo hicho kilikuwa bado hakijaondoka Voi, na labda kilikuwa bado hakijanunuliwa.

Malori yalikuwa yamejipanga kando ya barabara kama ng'ombe mnadani. Niliingia hotelini, kibanda cha mabati chenye viti vya plastiki, nikaagiza chapati na maharagwe. Mwanamke mwenye hoteli akaniuliza, "Maharagwe ya kawaida au ya nazi?"

Sikuwa nimeulizwa swali hilo kwa muda mrefu. Kule ninakoishi, maharagwe ni maharagwe. Nilijibu "ya nazi" kwa sauti iliyopasuka kidogo, na yule mwanamke akanitazama usoni, akaniletea na pilipili ya achari bila kuulizwa. Tonge la kwanza lilinirudisha kwenye jiko la shangazi: moshi wa makumbi, yeye juu ya mbuzi akikuna nazi, sisi tukigombania machicha. Siku hizo upepo ukigeuka tulinusa sukari ikichemshwa kiwandani Ramisi, na tulidhani dunia yote inanukia hivyo.

Meza ya pili alikaa mwanamume mnene mwenye vumbi la mbao kwenye nyusi. Aliniuliza ninakokwenda. Nikamwambia.

"Msambweni! Basi panda na mimi, madam. Mimi naenda Diani. Naitwa Musyoka, fundi wa milango."

"Kwa nini unibebe bure?"

"Nikiendesha peke yangu nalala. Jana nimelala nikaamkia kwa shamba ya watu. Wewe unipigie story tu."

Nilitazama basi. Dereva wetu alikuwa amelala chini yake, na hakuonekana kuwa anatengeneza chochote. Nikauchukua mkoba wangu.

Mackinnon Road hadi Kwale, pamoja na milango

Pikapu ya Musyoka ilikuwa imejaa milango ya hoteli, imefungwa kwa kamba na kuwekewa magodoro katikati isikwaruzane. Nilikuwa nakwenda kuokoa mti huku nimebebwa na milango. Musyoka hakuliona hilo kuwa la ajabu. Alitaka tu kujua kazi yangu, na mimi, kwa mazoea mabaya, nikasema ninaandika kuhusu miti.

"Kumbe!" Akapiga usukani. "Basi Mungu amekuleta. Niambie hizi milango zangu ni mti gani."

Tulikuwa tumefika Taru, nchi nyekundu, vichaka vya miiba na mbuzi wanaokula hata kivuli. Hakukuwa na pa kukimbilia. Nikageuka nikautazama mlango wa juu kupitia dirisha la nyuma, nikakunja uso.

"Mvule," nikasema.

Akakuna kidevu. Nikajua nimekosea.

"Si mvule?"

"Mimi sijui, madam. Aliyeniuzia mbao alisema mvule. Mimi nikamwambia mteja mahogani. Lakini fundi mwenzangu alizinusa akasema ni mwarobaini. Nilikuwa natarajia wewe utatuambia."

Tukacheka mpaka akapunguza mwendo. Nilikaribia kumwambia ukweli, kwamba nami sijui, lakini alikuwa ameshaanza kunieleza habari za shemeji yake, na nafasi ikapita.

Samburu tukakata kuelekea Kinango, kwa sababu mlango mmoja ulikuwa wa mtu wa huko. Mtu mwenyewe, bwana mmoja mwenye kanzu, alituamkia vizuri, akatukaribisha uji, kisha tukaujaribu mlango. Haukuingia.

"Musyoka," akasema yule bwana kwa upole, "mlango ni mkubwa."

"Hapana, mzee. Nyumba ndiyo ndogo."

"Nyumba niliikuta. Mlango ndio umekuja leo."

Musyoka akatoa randa na msumeno, na mimi nikakaa kwenye mkeka na mke wa yule bwana, tukinywa uji na kusikiliza mbao zikipungua. Aliniuliza kwetu wapi. Nikamwambia Msambweni, nikamtaja shangazi kwa jina. Akafikiri kidogo. "Mwanamisi yule wa ua la leso?" Hadithi ile ilikuwa imefika Kinango kabla yangu. Akacheka kwa adabu, akifunika mdomo kwa mtandio, na mimi nikaona aibu. Si kwa ajili ya shangazi, bali kwa ajili ya kicheko. Nilikifahamu. Ndicho kile kile nilichokuwa nikikicheka mimi.

Tulipoondoka, milima ilikuwa inakaribia, na minazi ikaanza kutokea mmoja mmoja kama watu wanaochelewa mkutano. Kufika Kwale mjini hewa ilikuwa imebadilika, ina ubaridi na harufu ya majani yaliyonyeshewa. Nikateremsha kioo, nikatoa mkono nje kama mtoto.

Kwale hadi Ukunda

Kutoka Kwale barabara inateremka, na bahari inaonekana kidogo kati ya vilima, halafu inajificha. Musyoka alikuwa mwenyeji wa bara, kwao Kitui, lakini alisema kila akifika kona ile huzima redio. Akaizima, tukateremka hadi Ukunda, tukaingia Diani.

Barabara ya hoteli ninavyoikumbuka ilikuwa na msitu pande zote mbili, na sisi tulipita pale na vikapu tukienda kuokota ukwaju. Sasa ni kuta na mageti, na mbega wamejengewa madaraja ya kamba juu ya magari. Mmoja alipita juu yetu polepole, mkia unaning'inia, akitutazama kama mwenye nyumba anavyowatazama wapangaji.

Getini kijana mmoja mwenye sare aliniangalia mimi, viatu vyangu vipya vya msituni na kofia yangu.

"Karibu sana, madam. Una buking?"

"Nimekuja na milango."

Akatazama kitabu chake ukurasa mzima, akageuza. "Hiyo iko chini ya jina gani?"

Musyoka akaniandikia namba yake kwenye simu, akanitafutia gari la kwenda Msambweni, akaniaga. "Ukipata mtu anataka milango, nikumbuke. Hata kukata miti nakata, niko na msumeno ya petroli."

Nikasema nitamkumbuka. Kwa bahati mbaya nilimkumbuka.

Msambweni

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba, mwanangu. Umekonda. Au ni hiyo miwani?"

Alikuwa amekaa kwenye kiti cha kamba, mlango wa uani, miguu ameinyoosha mbele kama vitu vya mtu mwingine alivyopewa avichunge. Aliponishika uso kwa mikono yote miwili, viganja vilinukia karafuu na kitunguu, na mimi, mwanamke mzima mwenye shahada mbili, nikatamani kuambiwa nikaoge kabla ya magharibi.

Nyuma ya nyumba Hamisi alikuwa ameshakata mikorosho yote kupisha msingi. Mti ulibaki peke yake katikati ya jua ambalo haukuwahi kulipata, shina la kijivu, majani mapana yenye ncha, yanang'aa. Haukuwa mzuri wala mbaya. Ulikuwa mti.

"Haya, msomi," akasema Hamisi. "Ndio huo."

Nikauzunguka. Nikaligusa gome. Nikatingisha kichwa kama nilivyoona wataalamu wakifanya.

"Nitautazama vizuri nikishaona wa msituni. Mwanga wa jioni unadanganya."

"Unadanganya hata majani?" akauliza shangazi kutoka mlangoni. "Kumbe chuo kikuu mlifunzwa mengi."

Tulikula wali wa nazi na papa mkavu wa kupaka, na mchicha. Nilikula mpaka nikalegeza mkanda. Na kwa kuwa nilikuwa na furaha, na kwa kuwa nilitaka mazungumzo yaende mbali na mti, nikamsifu Musyoka: fundi hodari wa Kitui, mcheshi, ana msumeno wa petroli, milango yake kama ya Sultani. Hamisi akasikiliza kwa makini.

Shangazi alipoinuka kwenda chooni ndipo nilipoelewa ujumbe wa ndugu yangu. Kile choo kiko mwisho wa ua. Alikwenda akishika ukuta, kisha pipa, kisha kamba ya nguo, na baada ya kamba hakukuwa na kitu cha kushika. Alisimama pale kidogo, kama anayetazama nyota. Hamisi alikuwa ameshasimama, yuko tayari, lakini hakwenda, maana angefokewa.

"Juzi alianguka," aliniambia kwa sauti ya chini. "Mimi sina ugomvi na mti, dada. Lakini mti hauwezi kumwinua."

Msituni

Msitu wenyewe sitautaja jina. Wenyewe hawapendi watu wajazane. Kijana anayeutunza na wenzake wa kijiji anaitwa Bakari, mtu wa miaka thelathini na kitu, fulana ya mpira, maneno mengi. Nilikuwa nimesoma kwamba humo mna mti adimu, wenye maua meupe makubwa, ambao haupatikani ila katika misitu michache ya Kwale na mingine huko kusini mwa Tanzania. Nilikuwa na hakika ndio wa shangazi. Kwa hivyo nilimwambia Bakari kwa jina nililolijua mimi.

"Nataka kuuona mti wa leso."

"Mti wa leso? Huo rahisi, mama. Huna haja hata ya kutembea."

Akanipeleka hatua chache tu, hadi mlango wa msitu. Akaunyooshea mkono. Nikasimama mbele yake. Kwa hiyo ndio huu. Nikaligusa shina. Nikasema Subhanallah. Nilimfikiria shangazi akiwa msichana, ameinama hapa alfajiri, na macho yakanilowa. Nikaokota kwa macho jani moja lililoanguka, nikaweka kiganja juu yake bila kuligusa, nikapima: limefika kwenye kiungo cha pili cha kidole cha kati. Bakari alinisubiri kwa heshima. Kisha akanyoosha mkono kwenye tawi, akateremsha kitambaa cheusi.

"Haya, mama. Jifunge tuingie."

Nikatazama juu. Tawi zima lilikuwa limetundikwa vitambaa vyeusi, vya wageni kujifunga kabla ya kuingia kaya.

"Huu ndio mti wa leso?"

"Si ndipo tunapoziweka?"

Nilipomweleza, alicheka mpaka akashika magoti. Alipotulia akasema, "Aa, ule wa maua. Huo una majina mengi. Babu yangu aliuita lake, mama yake aliuita lake, na wataalamu waliokuja waliuita jina refu, sikulishika. Lakini leo umechelewa. Ua lile hufunguka jioni, asubuhi liko chini, na kima hawaachi kitu. Kesho njoo alfajiri. Mimi nitakuwa ndani."

Msituni tena

Ijumaa alfajiri Hamisi alinipeleka kwa pikipiki, akabaki barabarani, maana alikuwa na usingizi. Nilijifunga kitambaa cheusi, nikavua viatu vyangu vya kifahari, nikasimama kwenye mlango wa msitu.

"Hodi!"

Kimya. Ndege mmoja tu.

"Hodi!"

Kimya tena. Nikapiga ya tatu, nikangoja. Mimi nimelelewa na Mwanamisi. Hodi ya tatu isipojibiwa, unageuka unarudi, hata kama unaona moshi unatoka jikoni na viatu vya watu viko mlangoni. Nikageuka. Nikakaa juu ya mzizi, viatu mapajani, nikimlaumu Bakari kwa kutonitimizia ahadi. Kiza kikaisha, ukungu ukaisha, jua likapanda juu ya vichaka. Ndipo Bakari akatokea, amejifunga cheusi, uso wa mtu aliyekata tamaa.

"Mama! Mbona hukuingia?"

"Hukunikaribisha."

"Nilikusikia. Zote tatu."

"Sasa kwa nini hukujibu?"

"Ndani hakupigwi kelele, mama. Nilikukaribisha moyoni."

"Moyoni!"

"Ningefanyaje?"

Hakuna aliyekosea, na hilo ndilo lililoniudhi zaidi. Tukaingia. Ndani kulikuwa na ubaridi wa kisima na mwanga wa kijani, na Bakari wa maneno mengi akawa mtu mwingine. Alinionyesha mizizi kwa kidole tu. Tulifika kwenye mti mrefu wenye shina la kijivu. Kima walikuwa wametutangulia. Chini palibaki ua moja, tena nusu, limegeuka kahawia, limelegea kama kitambaa cha mtu mwenye mafua.

Nikachuchumaa. Hata hivyo, lilikuwa kubwa. Hata likiwa bovu na limeliwa, ungeweza kulikunja. Nilikaa pale nikilitazama, na nikaona kwamba miaka yote ile shangazi hakuwa ametia chumvi hata punje.

Lakini hilo halikuwa swali la Hamisi. Swali lilikuwa kama mti wa nyumbani ni huu. Majani yalikuwa juu sana, meusi mbele ya mwanga. Kupiga picha nilikatazwa, kuchukua jani nilijua mwenyewe. Nikapata moja chini, nikaweka kiganja juu yake, nikakariri: limepita ncha ya kidole kwa upana wa ukucha. Nikatoka msituni na mkono nimeuinua mbele yangu, kama niliyeapa.

Nyumbani nilikwenda moja kwa moja nyuma ya nyumba na mkono wangu. Jani la kwanza lilipita kidole. La pili halikufika. La tatu lilikuwa sawasawa. Sikuwa nimewahi kugundua kwamba majani ya mti mmoja hayalingani.

Hamisi aliporudi kutoka msikitini akaniuliza. Shangazi alikuwa palepale mlangoni, anachambua mchele, na mikono yake ikasimama.

"Sijui," nikasema.

"Hujui kama ndio au sio?"

"Sijui mti wowote, Hamisi. Sijawahi kujua. Nikiandika, nauliza watu."

Shangazi akaanza kucheka. Alicheka mpaka leso ikamdondoka begani, mpaka mchele ukamwagika.

"Mimi nilijua zamani! Nilimtuma kisamvu huyu, akaniletea majani ya mbono. Tungekufa sote!" Akafuta machozi. Kisha akaacha kucheka, akauangalia mti wake. "Lakini ua umeliona?"

"Nimeliona, shangazi. Kama ulivyosema."

Akaitikia kwa kichwa taratibu, akarudi kwenye mchele. Hamisi naye akanitazama kwa huzuni, si kwa hasira. "Basi fundi atakuja kesho, dada. Mimi nilitaka sababu. Hukuniletea."

Jumamosi

Fundi wa kijijini alikuja na msumeno begani. Akazunguka nyuma ya nyumba, akasimama. Akarudi mbele.

"Hamisi, mbona huu umevishwa?"

Tukaenda kutazama. Shina la mti lilikuwa limefungwa leso mpya, nyekundu, fundo limekazwa barabara. Kila mtu wa kwetu anajua kwamba mti uliofungwa nguo una wenyewe, na hakuna wa kuutia msumeno.

"Nimeanika tu," akasema shangazi.

"Kwa fundo, bibi?"

"Upepo mwingi siku hizi."

Fundi akamwamkia kwa heshima zote, akaenda zake. Hamisi akakaa kitako juu ya kisiki cha mkorosho. Nilidhani atafoka, lakini alitoa simu tu.

"Nipe namba ya yule fundi wako wa milango. Yule wa Kitui. Kwake leso ni nguo tu."

Nilimpa. Mtanilaumu, na shangazi hakunisemesha mpaka chakula cha jioni, lakini nilikuwa nimemwona amesimama pale baada ya kamba ya nguo, hana cha kushika. Sikuwa na uso wa kumnyima ndugu yangu.

Kurudi

Kuhusu kurudi sina mengi. Basi halikuharibika, na hakuna aliyesema neno la kukumbukwa. Shangazi alinifungia kaimati na papa mkavu, harufu iliyonipa nafasi ya kukaa peke yangu hadi Nairobi. Alipokuwa ananiaga alinishika mkono ule ule niliopimia.

"Huyo fundi wako mwambie abishe hodi."

"Nitamwambia, shangazi."

Wiki hiyo nilimaliza kaimati na sikuandika chochote. Musyoka alikuwa na kazi Diani; alisema atapita Alhamisi asubuhi. Alhamisi niliamka mapema, nikaweka chai jikoni, nikasimama karibu na simu kama anayesubiri majibu ya daktari. Ikalia.

"Madam, mimi niko kwenu. Msumeno iko kwa gari. Lakini kuna shida."

"Shida gani?"

"Nimepiga hodi, hakuna mtu amejibu, nikazunguka nyuma. Sasa kuna mtu ameanika vitambaa chini. Nyeupe. Boma yote. Siwezi kanyaga nguo za watu."

Nikazima chai.

"Hamisi yuko wapi?"

"Amekaa chini. Ameshika kichwa, haongei. Na mama mzee ameinama hapo katikati, anakunja."

"Anakunja nini, Musyoka?"

"Si hizo vitambaa." Nikasikia nyayo zake, kisha zikasimama. "Ai! Madam. Kumbe ni maua."

Nyuma yake nikasikia sauti ya ndugu yangu, nzito, kama ya mtu aliyeamshwa: fundi, kapime upande wa kisima, huo mwamba tutauvunja. Na nyuma zaidi nikamsikia shangazi akifoka kwamba mwenye viatu arudi nyuma.

"Sawa, narudi, mama, narudi," akasema Musyoka. Kisha akashusha sauti, kama yuko ndani ya kaya. "Madam, si wewe ndiye mtu wa miti? Hii ni mti gani?"

"Huo," nikamwambia, "ni mti wa leso."